Mwanamke Yuleyule Kila Wiki: Namna ya Kuigiza Komedi ya Runinga na Kudumu Nayo

Komedi ya nusu saa ya runinga ina dakika 22 hadi 26 za mchezo. Zinazobaki ni za matangazo. Ndani ya muda huo mtazamaji anadai vitu viwili vinavyogombana: shida mpya, na watu walewale. Mama Kayai, aliyeigizwa na Mary Khavere katika Vitimbi, komedi ya KBC ya Kenya, hakuhitaji kujitambulisha. Akitokea tu mlangoni, Kenya nzima ilishajua kwamba mumewe, Ojwang', leo ana kesi.

Mhusika wa filamu unakaa naye wiki tatu, mnaachana. Mhusika wa komedi ya mfululizo utalala naye na kuamka naye miaka mitano, pengine kumi. Kwa hiyo kila unachoamua mwanzoni, kuanzia sauti na msuko hadi sahihi kwenye mkataba, kipime kwa swali moja: nitakiweza hiki sehemu ya 80?

JENGA MTU KWANZA, KICHEKESHO BAADAYE

Mhusika anayedumu ana mambo matatu. Kwanza, kitu anachokitaka kila siku, tangu sehemu ya kwanza hadi ya mwisho. Pili, kasoro ambayo yeye mwenyewe haioni. Tatu, tabia ya mwili inayozaliwa na hayo mawili. Wengi hulikosa hilo la pili. Mtu anayejua kwamba ni mchoyo hachekeshi sana. Anayeamini kwamba ni mkarimu kuliko mtaa mzima huku akihesabu njiti za kiberiti, huyo atakulisha misimu sita.

Tumchukue mama mwenye nyumba za kupanga: vyumba kumi, choo kimoja. Anachotaka ni kodi iingie kabla ya tarehe tano. Kasoro yake, anajiona mama mzazi wa wapangaji wote. Mwili wake ni funguo: shada zima kiunoni, mkono hauziachii. Akizungumza habari za huruma anazifinya zisilie. Akikasirika zinalia zenyewe. Ukizitumia kwa kiasi, kufikia sehemu ya sita zitasikika tu nje ya fremu na mtazamaji ataanza kucheka kabla hajamwona mtu.

Ila funguo hizohizo zitakugombanisha na fundi sauti, kwa sababu zitafunika maneno ya wenzako. Dawa yake ni mpira wa kufungia noti: zifunge kwa ndani ya kanga, na uzifungue pale tu mlio unapohitajika. Hali ni hiyohiyo kwa bangili, shanga na hereni ndefu. Kila kitu kinacholia ukiwa umesimama tu kitasikika na kwenye kinasa sauti.

Sauti ya mhusika ijaribu nyumbani kabla hujaionyesha kwa mtu. Soma gazeti kwa sauti hiyo saa moja mfululizo. Kama koo linawasha, iache, maana siku ya kurekodi huwa na saa kumi hadi kumi na mbili za kazi na kesho yake unarudi. Sauti za kukwaruza na za kitoto kali ndizo huua koo mapema. Tofauti ya mhusika itafute kwenye kasi, mahali anapovuta pumzi, na neno analopenda kulivuta. Hayo hayachoshi.

Na lafudhi? Komedi yetu imelelewa na lafudhi, hakuna haja ya kuionea haya. Benson Wanjau, aliyekuwa Ojwang' hadi alipofariki mwaka 2015, alikuwa Mkikuyu aliyezungumza Kiswahili cha Mjaluo. Kanuni ni kuchagua matamshi mawili au matatu na mdundo mmoja wa sentensi, kisha usiyaache. Ukibadilisha kila herufi, mtazamaji atatumia nguvu kufumbua maneno na kicheko kitamfikia kimepoa. Mtihani ni huu: tamka mstari huo kwa lafudhi yako ya kawaida. Kama hauchekeshi hata kidogo, lafudhi inafunika shimo, na kicheko chake hakitafika sehemu ya tatu.

MSTARI MMOJA, KWA KARIBU

Mama mwenye nyumba amefiwa na shemeji yake. Sebule imejaa watu, wamekaa mkekani. Mpangaji wa chumba namba saba anaingia, anainama.

MPANGAJI: Mama, pole sana kwa msiba.
MAMA: Ahsante mwanangu. Mungu akulipe. Hivi leo tarehe ngapi?

Kicheko kimo kwenye maneno manne ya mwisho, nayo lazima yawe ya mwisho kweli. Waigizaji wanaoanza huongeza mkia: "Hivi leo tarehe ngapi, maana kodi bado." Hapo wamemnyima mtazamaji raha ya kufika mwenyewe. Mkia ukiwa umeandikwa kwenye muswada, omba kwa adabu kujaribu mara moja bila huo mkia.

Sasa mwili. Leso iko machoni kwenye "Ahsante mwanangu". Kwenye "Mungu akulipe" bado iko machoni. Kisha nusu sekunde ya kimya, na leso inashuka hadi puani tu, isishuke zaidi, macho yakatokea juu yake. Ndipo swali. Sauti isibadilike, iendelee kuwa ya kilio ileile, kwa sababu moyoni mwake hajabadilisha mada. Kwake yeye msiba na kodi ni jambo moja la familia. Ukibadilisha sauti ukaifanya ya ujanja, umempa mtazamaji mwanamke mnafiki, na mnafiki hapendwi wiki kumi na tatu mfululizo.

Baada ya swali, tulia. Usiangalie kamera, usitabasamu, usikonyeze. Kaa na jibu usilolipata kwa takriban sekunde moja na nusu, maana mhariri anahitaji mahali pa kukata kwenda kwa uso wa mpangaji, na uso wa mpangaji ndio kicheko cha pili. Ndiyo maana komedi haichezwi peke yako. Ukimzibia mwenzako nafasi ya kushtuka, umepoteza kicheko kimoja kati ya viwili, na yeye hatakusahau.

Ujuzi huu wa kupanda kicheko na kushuka nacho hufundishwa na jukwaa haraka kuliko kamera. Kenya, vikundi vinavyozunguka shule za sekondari na michezo ya vitabu teule vya mtihani ni chuo kikali. Wanafunzi hawachekei mtu kwa kumhurumia, na wakicheka kabla hujamaliza mstari utajifunza siku hiyohiyo kungoja. Tanzania kuna TaSUBa, taasisi ya sanaa pale Bagamoyo, kwa anayetaka shule yenyewe, na vikundi vya mtaani kwa anayetaka kupigwa mzomeo bila ada. Mwaka mmoja wa hayo kabla ya kamera si hasara.

USAILI

Siku hizi usaili wa kwanza mara nyingi ni video unayojirekodi mwenyewe. Simu ilaze mlalo, kwenye kimo cha macho yako, umbali wa mita moja na nusu hivi, ikuonyeshe kuanzia kifuani hadi juu kidogo ya kichwa. Ukuta nyuma yako uwe wa rangi moja. Dirisha liwe mbele yako. Likiwa nyuma utageuka kivuli. Zima feni na jokofu. Msomaji wa mistari ya mwenzako asimame kando ya simu, asome kwa sauti ndogo kuliko yako na bila kuigiza. Video nyingi huharibiwa na dada wa mwigizaji aliyeamua kuonyesha kipaji chake.

Anza kwa kujitambulisha: jina, kimo, mtaa unakoishi, lugha unazozijua. Sekunde kumi zinatosha. Kisha tuma namna mbili za onyesho lilelile zilizotofautiana kweli, mathalani moja mhusika anaogopa, nyingine anajiamini kupita kiasi. Usitume tano. Faili ipe jina lako na la mhusika, si "video mpya mwisho kabisa 2".

Ukiitwa chumbani, jua kwamba mwelekezi hatafuti mtu wa kumchekesha siku hiyo. Anatafuta atakayekaa naye mwaka. Atakuambia, "Hebu irudie, lakini sasa una haraka." Hapo ndipo mtihani ulipo. Anayerudia vilevile alivyofanya nyumbani hupotea, hata kama alichekesha. Karatasi ya mistari ishike mkononi hata kama umekariri. Ukipotea utaitazama kwa utulivu badala ya kuikodolea macho dari.

Usaili wa kweli haulipiwi. Hakuna ada ya fomu, ya picha, wala ya kuingizwa kwenye kitabu cha mawakala. Usaili wa saa tatu usiku hotelini haupo. Ukiitwa hivyo, jibu kwa maandishi ukiomba mchana na ofisini, na useme utakuja na mtu. Ujumbe wote uhifadhi. Tanzania, kudai ngono kama masharti ya kumpa mtu nafasi kunashughulikiwa na Sheria ya Kuzuia na Kupambana na Rushwa ya 2007, kifungu cha 25, na mlango wa kubisha ni TAKUKURU, taasisi ya kupambana na rushwa. Kenya, mambo haya hupelekwa polisi, na Sheria ya Makosa ya Kingono ni ya 2006.

KUKARIRI

Ukurasa mmoja wa muswada ni takriban dakika moja ya kipindi. Sehemu moja basi ni kurasa 25 hivi, nawe mhusika mkuu utakuwemo kwenye nyingi. Shida si wingi wake. Shida ni kwamba sehemu tatu au nne hurekodiwa pamoja, na kwa kufuata mahali, si hadithi. Asubuhi yote ni ya jikoni: mtaanza na jikoni la sehemu ya nne mlipogombana, mwende jikoni la sehemu ya kwanza mlipokuwa hamjajuana. Anayekariri maneno tu huingia na hasira ya wiki ijayo.

Soma muswada mzima mara moja kwa sauti, bila kuigiza. Kisha juu ya kila onyesho lako andika mistari miwili kwa penseli: natoka wapi, na nini kimenipata dakika tano zilizopita. Ndipo ukariri, na ukariri kwa kufuata maneno ya mwenzako yanayokutangulia. Rekodi mistari ya wenzako kwenye simu ukiacha kimya mahali pako, kisha uisikilize ukiosha vyombo au ukipiga deki. Mstari uliokaririwa mikono ikiwa na kazi haukimbii ukipewa kikombe mbele ya kamera. Uliokaririwa kitandani hukimbia.

Kubuni maneno papo hapo kunaruhusiwa kwingi kwetu, na vipindi vingine vinategemea hilo. Lakini toa kwanza moja salama, kama ilivyoandikwa. Mwelekezi akisema ameipata, omba moja ya kwako. Usibadilishe kamwe neno la mwisho la mstari wako bila kumwambia mwenzako, kwa sababu neno hilo ndilo linalomruhusu kuanza.

SIKU YA KUREKODI

Marekani, Lucille Ball na wenzake waliirekodi komedi ya I Love Lucy kuanzia 1951 kwa kamera tatu za filamu kwa pamoja, mbele ya watazamaji waliokaa ukumbini, na mpangilio huo wa kamera na taa, kazi ya mpigapicha Karl Freund, ndio uliogeuka desturi ya komedi za studio. Kule wiki nzima ni ya mazoezi na kurekodi ni jioni moja. Nairobi na Dar es Salaam mara nyingi ni nyumba ya kukodi, kamera moja au mbili, na hakuna anayecheka isipokuwa mshika taa, naye amekatazwa. Kwa hiyo ujifunze kuacha nafasi ya kicheko usichokisikia. Nafasi ni pumzi moja tu. Ukiacha tatu, mhariri atazikata na utaonekana umerukwa na akili kidogo.

Kwa kawaida huanzwa na picha pana, kisha ya kati, kisha ya karibu. Kwenye pana mwili wako ndio unaozungumza, uutumie wote. Kwenye ya karibu punguza hadi robo. Leso ile iliyoshuka sentimita kumi sasa ishuke tatu. Kinachoharibu kazi ya wengi ni kumaliza nguvu kwenye pana, na picha ya karibu, ambayo ndiyo itakayotumika kwenye kicheko chenyewe, ikakuta mtu amechoka na amezoea. Ukiona mstari umekufa baada ya marudio ya tano, usiongeze sauti. Badilisha unachokiwaza. Mara hii fikiria kwamba mpangaji ameleta kodi mfukoni. Mara nyingine fikiria kwamba amekuja kukopa. Maneno ni yaleyale, macho yatakuwa mapya.

Mistari isipandane kwenye picha ya karibu. Ukimkatiza mwenzako ambaye hayumo kwenye fremu, sauti yako imeingia juu ya yake na mhariri hawezi kuwatenganisha. Ugomvi wa kukatizana uonyeshwe kwenye picha pana, na kwa makubaliano.

Kucheka katikati ya onyesho kunapata kila mtu. Toa pumzi yote nje, usiibane. Kicheko kinapanda kwenye pumzi iliyobanwa. Mtazame mwenzako sikio badala ya macho. Kikishindikana, omba dakika moja utoke nje. Mara ya kwanza inafurahisha. Mara ya sita watu wanahesabu saa za ziada za jenereta.

DAFTARI LA MWENDELEZO

Kipindi kikubwa kina mtu wa mwendelezo, wa kuhakikisha nguo, nywele na vitu havibadiliki kutoka picha moja hadi nyingine. Kipindi chetu cha kawaida huwa naye siku nyingine, siku nyingine amepelekwa kununua maji. Weka daftari lako mwenyewe. Kwa kila onyesho andika namba yake, nguo, nywele, leso au kikombe mkono gani na kimejaa kiasi gani, na hali ya moyo mlipomalizia. Piga picha ya mwili mzima, mbele na nyuma, kabla hujavua. Sehemu inayorudiwa wiki mbili baadaye ndiyo inayofichua uzembe: umeingia chumbani na hereni, umetokea varandani bila hereni.

Nywele ndizo mtego mkubwa. Misuko ya rasta hukaa wiki sita hadi nane, lakini mizizi huonekana wiki ya tatu, na msimu unarekodiwa miezi. Njia nyepesi ni wigi au kilemba cha mhusika, na hivyo vinunue viwili vinavyofanana siku ileile, duka lilelile, kwa sababu mwezi ujao rangi ile haitakuwepo. Ukichagua misuko, usifumue hadi mtayarishaji athibitishe kwamba hakuna maonyesho ya kurudia.

Kanga ina jambo la ziada: inasomeka. Jina la kanga likitokea vizuri kwenye kamera ni mstari wa bure wa kichekesho, na wanawake wa pwani watauona kabla ya mtu mwingine yeyote. Basi lichague kwa makusudi, na lilingane na onyesho. Ukiivaa bila kusoma, mama wa mhusika anayeombea ndoa ya mwanawe atakuwa amejifunga maneno ya kumsuta mkwe, na barua zitafika. Nunua doti mbili za aina moja. Moja itamwagikiwa na mchuzi. Epuka nguo za mistari myembamba iliyosongamana, inatetemeka kwenye picha, na nyeupe kali karibu na uso, inang'aa mno na kukutia giza wewe. Kipaza sauti kikifichwa kifuani, kitambaa cha nailoni kitasugua na kuvuma kila ukigeuka. Pamba haina neno.

MKATABA

Usisaini siku ileile uliyopewa. Omba siku mbili, umpe wakili au mwigizaji mkongwe ausome. Nayo haya yasikosekane kwa maandishi:

Malipo ni kwa sehemu au kwa siku? Kwa sehemu inavutia hadi ugundue kwamba sehemu moja imekula siku tano. Ukilipwa kwa sehemu, weka idadi ya juu ya siku, na kiasi cha kila siku ya ziada.

Sehemu ngapi zimehakikishwa. "Msimu wa sehemu 26" hakumaanishi utakuwa kwenye 26. Mhusika anaweza kupelekwa ushago, yaani kijijini, sehemu ya nne na asirudi.

Kipindi kitatumika wapi na kwa muda gani. Runinga ya nyumbani, ya kulipia, intaneti, nchi nyingine, marudio. Kipindi chako kikirudiwa miaka saba kila alasiri, je, unapata kitu? Lucille Ball na mumewe Desi Arnaz walikubali kupunguziwa malipo, nao wakabaki na umiliki wa filamu za kipindi chao. Ndizo zilizojenga kampuni yao ya Desilu. Mwigizaji anayeanza hatapata umiliki, lakini asilimia ya marudio si ombi la ajabu, na kuliuliza hakumkoseshi mtu kazi. Kenya, waigizaji hukusanyiwa haki zao na chama chenye leseni ya kazi hiyo; uliza ni kipi kwa sasa. Tanzania masuala hayo yako COSOTA, ofisi ya hakimiliki. Jisajili mapema, si baada ya kipindi kufa.

Nani mwenye mhusika. Hapa ndipo wengi huumia. Watu watakuita kwa jina la kwenye runinga, kama Jacky Nyaminde anavyojulikana kila mahali kuwa Wilbroda tangu komedi ya Papa Shirandula. Ushereheshaji wa harusi, matangazo ya sabuni, video zako za mtandaoni, vyote vitamtaka yule, si wewe. Kama mkataba unasema jina, mavazi na maneno ya mhusika ni mali ya kampuni, utahitaji ruhusa kwa kila shughuli. Omba kifungu kinachokuruhusu kutumia jina hilo kwenye shughuli za ana kwa ana, hata kama matangazo yatabaki kwao.

Tarehe ya malipo. Siyo "baada ya kituo kulipa." Kituo kinaweza kulipa baada ya miezi minane. Andikeni siku 30 baada ya kurekodi, au sehemu ya fedha mapema.

Usafiri ukimaliza usiku, chakula, na bima ya ajali siku za kurekodi. Haya huonekana madogo hadi saa sita usiku ukiwa Kitengela, nje ya Nairobi, bila gari.

Kodi ya zuio hukatwa kabla hujapokea; kwa mkaazi, Kenya na Tanzania, kwa malipo ya huduma kama hizi kwa kawaida ni asilimia 5. Dai cheti chake kila mara. Bila cheti, ni fedha iliyokatwa ambayo huwezi kuionyesha wakati wa kufanya hesabu zako za mwaka.

UKIPATA MIMBA

Mwambie mtayarishaji mwenyewe, mapema, kabla ya mshonaji kugundua. Njia ni tatu. Kuirekodi kazi yako mbele, sehemu nyingi kwa wiki chache. Kuificha: meza, kapu la sokoni, kanga ya pili, picha za kuanzia kifuani, hii huenda vizuri hadi mwezi wa sita hivi, baada ya hapo mwendo wako ndio unaosema. Au kuiingiza kwenye hadithi, kama ilivyofanywa kwa Lucille Ball, ambaye mhusika wake alijifungua kwenye runinga tarehe 19 Januari 1953, siku ileile aliyojifungua yeye mwenyewe. Njia ya tatu ina gharama moja isiyozungumzwa: mtoto wa kwenye hadithi haondoki. Kila msimu atahitaji kulelewa, kubebwa na kuelezwa aliko. Ulizeni waandishi kama wako tayari. Na mkataba useme wazi kwamba likizo ya uzazi haihesabiwi kuwa umeacha kazi.

KUISHI NA JINA LA MWINGINE, NA KULIACHA

Sokoni watakuita kwa jina la mhusika na kutaka uwajibu kwa sauti yake. Jiwekee kipimo: salamu moja kwa sauti ya mhusika, kisha rudi kwenye yako. Ukiwapa yote bure mtaani, hakuna atakayelipa kuisikia ukumbini.

Tatizo la kweli linakuja ukitafuta kazi nyingine. Nyce Wanjeri alishinda tuzo ya AMVCA ya mwigizaji bora wa kike wa komedi mwaka 2018 akiwa Shiru wa komedi ya Auntie Boss. Tuzo kama hiyo hufungua milango, lakini nyuma ya mlango mara nyingi umewekewa Shiru mwingine. Katikati ya msimu, si baada yake, chukua kazi moja ndogo iliyo kinyume kabisa: tamthilia nzito, mchezo wa redio, filamu fupi ya wanafunzi. Malipo yake hayatakuwa mengi. Unachonunua ni dakika mbili za picha zinazokuonyesha mtu mwingine. Njia nyingine ni kuhamia upande wa pili wa kamera. Eve D'Souza alitoka redioni akawa miongoni mwa walioianzisha Auntie Boss na kuigiza humohumo. Ukikaa na waandishi wakati wenzako wamelala kwenye gari, kazi hiyo inajifunzika.

Kipindi kikikaribia mwisho, omba nakala safi za maonyesho yako kabla ofisi haijafungwa. Baada ya miezi sita diski zimefutwa na aliyekuwa mhariri yuko kazi nyingine. Chagua vipande vitatu, jumla isizidi dakika mbili. Kile ambacho nchi nzima inakijua usikiweke mwanzo. Tanguliza sekunde ishirini za mtu wasiyemtarajia, halafu ndiyo mama mwenye nyumba na leso yake.